Mkulima Aliyeshika Kamera



Enyi wazazi na ndugu zetu, filamu nyingi kuhusu ukame wa nchi yetu hutengenezwa na wageni. Huja, humpiga picha ng'ombe aliyekufa na mama mwenye ndoo tupu, kisha hurejea kwao. Mwenye shida huonekana sura, lakini kauli yake haisikiki.

Kisilu Musya, mkulima wa Mutomo katika kaunti ya Kitui, aliikata desturi hiyo. Kwa miaka kadhaa alishika kamera mwenyewe, akarekodi maisha ya nyumba yake: mimea ikikauka shambani, kisha dhoruba ya mvua ikiibomoa nyumba. Kwa ushirikiano wake na Julia Dahr wa Norwe, mwaka 2017 ilitoka filamu iitwayo Thank You for the Rain. Ndani yake twamwona akiwahimiza majirani kupanda miti, na akisafiri hadi Paris mwaka 2015, kwenye mkutano wa mataifa kuhusu tabianchi, kueleza yaliyowafika wakulima.

Lakini sisi tuliyemtazama zaidi ni mkewe, Christina. Mume aendapo mikutanoni, ni nani abakiaye na watoto, maji, kuni na jembe? Filamu haikulificha jambo hilo. Uzito wa mama umo, nao waonekana. Hapo ndipo tuonapo uadilifu wa kazi ile. Gesi zilizovuruga majira ya mvua hazikutoka Mutomo, na ni haki hilo lisemwe Paris. Ila mzigo ukishafika kijijini, aghalabu huangukia mgongo wa mwanamke, na hilo nalo lisemwe nyumbani.

Nasi wa pwani tunayo ya kurekodi: visima vilivyoingia maji ya chumvi, mikoko iliyokatwa, fukwe zinazoliwa na bahari. Simu zimo mikononi mwa vijana wetu. Kina mama, kaeni nao muwaelekeze: waandike tarehe na mahali, waombe idhini kabla ya kumpiga jirani picha, wala wasizidishe neno. Ushahidi ni amana.

Na baba asifiwaye barazani kwa kuitetea bahari, arudipo nyumbani aulize kwanza maji ya leo yametekwa na nani.

Wabillahi tawfiq.