Mtumishi Aliyepatwa na Ulemavu

Nchini Tanzania, mwalimu wa shule ya serikali au mtumishi wa halmashauri hukatwa asilimia 5 ya mshahara, na mwajiri huongeza 15. Tangu mwaka 2018 michango hiyo huenda katika Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma. Wengi hudhani ni ya uzeeni tu. La hasha! Aliyepooza kwa maradhi kabla ya kustaafu aweza kudai mafao ya ulemavu. Aliyeumia kazini ana Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, unaochangiwa na mwajiri peke yake. Hiyo si sadaka, ni jasho lake. Viongozi wa jumuiya, twawasihi mwulizeni mgonjwa mnayemtembelea, kabla hajauza shamba: je, michango iliwasilishwa? Madaktari wamethibitisha ulemavu?