Lambert alivyokomazwa na ligi za chini

Liverpool ilimtema Rickie Lambert akiwa na umri wa miaka 15. Blackpool nayo ikamwacha mwaka 2000, naye akawa kibarua katika kiwanda cha bitiruti, akifunga vifuniko vya chupa, kabla ya Macclesfield kumsajili.

Je, klabu hizo zilikosea? Si lazima. Mvamizi wa aina yake, asiyetegemea kasi bali nguvu, kichwa na utulivu, hukomaa polepole, na akademia chache huwa na subira hiyo. Gharama ya kumsubiri ilibebwa na klabu ndogo: Stockport, Rochdale, kisha Bristol Rovers. Southampton ilipomnunua mwaka 2009 ilikuwa katika daraja la tatu. Kufikia 2012 alikuwa ameisaidia kupanda hadi Ligi Kuu, ambako Mkenya Victor Wanyama alijiunga naye mwaka uliofuata.

Agosti 2013, akiwa na miaka 31, aliichezea Uingereza kwa mara ya kwanza, dhidi ya Scotland ugani Wembley. Mpira wa kwanza aliougusa, aliupiga kwa kichwa ukatinga wavuni, na Uingereza ikashinda 3-2.

Mwaka 2014 Liverpool ililipa takriban pauni milioni 4 kumrejesha kijana iliyemwachilia bure. Alidumu huko msimu mmoja tu.