Kwa Baba na Mama: Kodi Ikatwayo katika Mshahara

Jamaa nyingi za Congo zina ndugu waliokwenda kukaa Marekani, nao hutuandikia habari za kazi zao. Juma hili twapenda kusema juu ya karatasi ambayo huko kila mfanyakazi hupewa aingiapo kazini. Jina lake ni W-4. Kwa karatasi hiyo yeye mwenyewe humweleza bwana wa kazi kama ana ndoa na watoto, ili ijulikane kodi ya kukatwa katika kila mshahara.

Kosa kubwa hutokea katika nyumba yenye mishahara miwili. Bwana huandika peke yake, na bibi peke yake, wala hakuna atajaye kazi ya mwenzake. Tutoe mfano. Katika mwaka wa 2025 kila mmoja alipata dola 40,000, nao wana mtoto mmoja mdogo. Kwa kuwa kila karatasi ilihesabu msamaha wote wa ndoa na wa mtoto, hawakukatwa hata dola moja ya kodi ya mapato ya serikali kuu. Walifurahi mwaka mzima. Lakini mishahara miwili ikijumlishwa, kodi yao yapita dola 3,100, nayo yatakiwa ifikapo tarehe 15 Aprili ya mwaka ufuatao. Tena faini yaweza kuongezwa. Wataitoa wapi, ikiwa fedha imekwisha kuliwa?

Dawa yake si ngumu. Bwana na bibi wakae pamoja mezani, kila mmoja aonyeshe mshahara wake pasipo kuficha. Kama mishahara yakaribiana, kila mmoja atie alama katika kisanduku cha fungu la pili la karatasi yake. Na mtoto aandikwe katika karatasi moja tu, ya yule apataye zaidi. Akizaliwa mtoto mwingine, au mmoja akiacha kazi, waandike upya.

Wengine, kwa hofu, hukubali kukatwa kupita kiasi, wapate kurudishiwa fedha nyingi baadaye. Hiyo si zawadi. Ni jasho lao wenyewe, lililokaa serikalini bila faida, huku nyumbani kodi ya nyumba ikidaiwa.

Mkristu hulipa kodi iliyo haki: haipunguzi kwa uongo, wala hawanyimi watoto riziki yao kwa uzembe. Na sisi tuliobaki huku tujifunze neno hili: mume na mke wakifichana mshahara, hesabu ya nyumba haitakuwa sawa, hapa wala ng'ambo.