Gitaa Si Uhuni

Wahenga walisema mcheza kwao hutuzwa. Mbona hapa Roret mwanafunzi akishika gitaa anaitwa mhuni? Wasomaji wapenzi, kundi la Just a Band lilianzia Chuo Kikuu cha Kenyatta. Vijana hao hawakungoja tajiri. Walijirekodi wenyewe kwa kompyuta, wakatoa albamu ya kwanza mwaka wa 2008. Mwaka wa 2010 video yao yenye yule jamaa Makmende ilivuma hadi ng'ambo. Je, hao ni wahuni?

Baba husema bonasi ya majani chai ni ya karo, si ya nyuzi za gitaa. Sawa, sipingi. Walimu wetu, twaomba darasa moja tu, Ijumaa baada ya vipindi. Tukianguka mtihani, gitaa lichukuliwe!