Pafu lote likikosa hewa

Makala tatu kati ya zilizotufikia kwa toleo hili zinaanza na madai yaleyale: gesi ya usingizi ya halotheni inaua ule ubanaji wa mishipa ya mapafu pale oksijeni inapopungua, ketamini ya sindano inauacha hai, basi ketamini ni salama zaidi. Sikuyafuta. Ila ukurasa huu ni wangu, na hapa nayapinga, kwa sababu yakifika katika chumba cha upasuaji cha huku kwetu, Kasongo au Kabambare, anayetoa nusukaputi ataishia kukodolea macho chupa ya dawa huku mgonjwa akibadilika rangi.

Msingi wa madai hayo si uongo. Mwaka 1946 von Euler na Liljestrand walionyesha, kwa paka, kwamba mishipa ya mapafu hubana ikikosa oksijeni, ilhali ile ya sehemu nyingine za mwili hutanuka. Baadaye, katika mapafu yaliyotolewa mwilini na kuwekwa maabara, gesi za usingizi zilipunguza ubanaji huo waziwazi. Kazi ikawa kuyaona hayohayo ndani ya mgonjwa aliye hai. Mwaka 1985 Rogers na Benumof, huko California, waliwaongezea halotheni au isoflureni wagonjwa waliokuwa wakipumulishwa kwa pafu moja na kulazwa kwa dawa za mshipani. Oksijeni ya damu haikushuka. Nimegundua kwamba wapenzi wa majaribio ya maabara husahau kulitaja hili la wagonjwa.

Lakini hata tukiwapa ushindi, swali lenyewe limezaliwa kwingine. Ni swali la hospitali ambako pafu moja linafungwa makusudi ili daktari apasue kifua, na mwenye kutoa usingizi anataka damu ihamie pafu linalopumua. Hapo ubanaji ni rafiki: mahali pamekosa hewa, mishipa ya hapo inajifunga, damu inapita penye hewa. Ni kama pikipiki za barabara ya Kasongo hadi Kabambare wakati wa mvua: njia moja ikikatika, zinazungukia nyingine. Zote zikikatika, zinarundikana.

Na kwetu, ni lini kifua kinapasuliwa? Anayeletwa ni mama wa kujifungua aliyekwama, mtoto mwenye ngiri iliyojinyonga, mchimbaji aliyefukiwa na udongo. Anapewa ketamini huku akivuta hewa ya kawaida, yenye asilimia 21 ya oksijeni. Dawa ikisukumwa haraka, pumzi inapungua au inasimama kwa muda. Mate yanaongezeka, ulimi unaanguka nyuma, koo linajikaza. Sasa si kona moja ya pafu iliyokosa hewa. Ni vifuko vyote vya hewa, kulia na kushoto, juu na chini. Ubanaji uleule tuliousifu unafunga kila njia, na upande wa kulia wa moyo unasukuma damu kwenye milango iliyofungwa. Kabonidayoksidi inayolimbikizana na damu inayogeuka asidi huzidi kuikaza mishipa hiyo. Ketamini nayo, kwa mtu mzima, huweza kupandisha shinikizo la ateri ya mapafu. Kwa mtoto mchanga ni hatari zaidi: mishipa ya mapafu yake bado ina misuli mizito, na ikibana vya kutosha damu inaweza kurudia njia za tumboni mwa mama na kuyakwepa mapafu. Huyu anayesema ubanaji “umehifadhiwa” amehifadhi nini hasa?

Nisieleweke kwamba ninaipiga vita ketamini. Mwaka 2015 China ilipotaka iwekwe chini ya udhibiti wa kimataifa wa dawa za kulevya, sisi tungeumia kabla ya wengine, na ni vizuri kwamba Shirika la Afya Duniani lilipinga. Ninachosema ni kwamba inasifiwa kwa sababu isiyo yake. Picha za CT zilizopigwa na kundi la Hedenstierna huko Sweden katika miaka ya 1980 zilionyesha sehemu za nyuma za mapafu zikisinyaa dakika chache tu baada ya usingizi kuingia. Kwa ketamini, mgonjwa akipumua mwenyewe, kwa kawaida hazikusinyaa. Akipewa dawa ya kulegeza misuli, zilisinyaa. Sifa ya ketamini iko kwenye misuli ya kupumulia. Ateri hazihusiki sana.

Na halotheni? Ukiitoa kwa mashine ya kuvuta hewa ya chumbani bila kuongeza kitu, unatafuta balaa. Ongeza lita moja tu ya oksijeni kwa dakika, kwa mpira wenye nafasi ya kuihifadhi kati ya pumzi na pumzi, na mgonjwa atavuta asilimia 30 hadi 40. Lita moja ni kitu ambacho konsantreta ndogo ya oksijeni inakiweza, mradi jenereta iwe na mafuta. Hiyo “mradi” ina uzito kuliko mabishano yote ya halotheni na ketamini.

Kati ya makala nyingine za toleo hili, ile ya ganzi ya uti wa mgongo ni safi, nayo isomwe kwanza na wanaosimamia uzazi. Ile ya seli mundu na shinikizo la mapafu ilistahili kuwa ndefu zaidi. Mapitio ya njia za potasiamu katika ateri ndogo yana michoro mizuri.

Yanayokosekana ni maandishi yetu wenyewe, na hapo Kasongo haina udhuru. Mradi wa Kasongo, ulioanza mwaka 1971 pamoja na Taasisi ya Tiba ya Kitropiki ya Antwerp, ulihesabu watoto kwa uangalifu kiasi kwamba matokeo yake ya chanjo ya surua yalichapishwa katika jarida la Lancet mwaka 1981, na wataalamu wakabishana juu yake kwa miaka mingi. Kazi ile ilihitaji daftari, kalamu na watu wenye subira. Oksimita ya kidoleni inahitaji chini ya hapo.

Kwa toleo lijalo, basi, naomba mambo matatu kwa kila mgonjwa, bila jina lake: namba ya oksimita akiwa bado macho na akivuta hewa ya kawaida, namba ya chini kabisa wakati wa upasuaji pamoja na muda iliodumu, na saa oksijeni ilipowashwa, au kilichozuia isiwashwe. Hili la tatu ndilo ninalolingojea kuliko yote, kwa hiyo msiandike “hakuna” mkaishia hapo. Andikeni kama ni mafuta, mpira uliopasuka, au mwenye ufunguo alikuwa shambani. Maandishi ya mkono yanapokelewa. Kupiga chapa ni kazi yetu.