Tusiikate Injili na Shina Lake

Wako Wakristo kati yetu wasemao hivi: "Agano la Kale ni kitabu cha Wayahudi. Sisi tumepewa Agano Jipya, nalo latutosha. Tuna haja gani na vita vya wafalme wa zamani na hesabu za kondoo wa sadaka?" Neno hili husemwa barazani, na pengine husemwa na walimu wenye kufundisha wengine. Lina sura ya utauwa, kwani msemaji hujiona anampenda Kristo kuliko Musa. Lakini mimi nasema wazi kwamba ni neno baya. Mtu akilishika mpaka mwisho wake, hatabaki na Injili mkononi, ila karatasi zilizojaa matundu.

Najua asili moja ya neno hili kwetu. Agano Jipya lilitangulia kupigwa chapa kwa Kiswahili cha Unguja, na Biblia nzima ikafuata mwaka 1891. Wazee wengi walijifunza kusoma kwa kitabu kidogo cha Injili, nao wakakizoea. Si kosa lao. Walakini utaratibu wa mitambo ya chapa si utaratibu wa Mungu. Na tuitazame Injili yenyewe, tuone jinsi ilivyoandikwa.

Walioandika Injili hawakuwa na Agano Jipya la kusoma. Maandiko yao yalikuwa Torati, Manabii na Zaburi, nao waliyasoma hasa katika tafsiri ya Kiyunani, ambayo Wayahudi wa Alexandria katika nchi ya Misri waliianza zaidi ya miaka 200 kabla ya Kristo. Hayo ndiyo maneno waliyokua nayo, wakaomba kwayo, wakalia kwayo. Walipotaka kusema Yesu ni nani, hawakuwa na lugha nyingine.

Marko, ambaye wataalamu wengi humhesabu kuwa wa kwanza kuandika, hafiki mbali ila amtaja nabii Isaya katika aya ya pili tu. Tena, ukiyatafuta maneno aliyoyaleta, utaona ameshona vipande pamoja: kwanza Malaki 3:1, yanayofanana na Kutoka 23:20, ndipo Isaya 40:3. Hivyo ndivyo afanyavyo mtu aliye na Maandiko moyoni, ambaye akishika neno moja, jingine humjia lenyewe.

Mathayo aanza na orodha ya vizazi, ambayo wengi wetu huiruka. Lakini orodha hiyo ni mlango wa nyumba yake. Wamo Tamari, Rahabu, Ruthu na mke wa Uria, na asiyejua habari zao hawezi kufahamu kwa nini wanawake hao wametajwa. Kisha asimulia jinsi mtoto Yesu alivyopelekwa Misri akarudishwa, naye asema kwamba neno la nabii limetimia. Nabii huyo ni Hosea, sura ya 11, aya ya 1. Fungua uisome. Hosea hasemi habari ya mambo yajayo. Akumbusha mambo yaliyopita, jinsi Mungu alivyowatoa Israeli Misri kama baba amwitaye mwanawe.

Je, Mathayo amekosea? Hasha! Ataka tuone kwamba Yesu apita njia ile ile waliyoipita Israeli. Atoka Misri, ashuka majini, akaa jangwani siku 40 kama wao walivyokaa miaka 40. Huko Shetani amjaribu mara tatu, naye mara tatu ajibu kwa maneno ya Kumbukumbu la Torati, sura ya 6 na ya 8, maneno yaliyonenwa kwa habari ya majaribu ya Israeli katika jangwa lao. Pale walipoanguka wao, yeye asimama. Ukiviondoa vitabu vya Musa, umebaki na habari ya mtu aliyeona njaa nyikani, basi.

Hapo twajifunza pia kwamba kutimia kwa Maandiko si kazi ya ramli. Wako Wakristo wanaowafanya manabii kuwa kama wapiga bao, waliotaja siku na jambo, kisha siku ikafika na jambo likatokea. Hao nao wanawakosea manabii. Kwa Mathayo, neno hutimia kama chombo kinachojazwa hata ukingo: maji yalikuwamo tangu zamani, lakini hayakujaa hata alipokuja Bwana.

Na Luka je? Wimbo wa Mariamu katika sura yake ya kwanza wafuata wimbo wa Hana katika 1 Samweli, sura ya 2, nyayo kwa nyayo: wakuu washushwa, wanyonge wainuliwa, wenye njaa washibishwa. Katika sura ya 7 asimulia habari ya mjane wa Naini, ambaye mwanawe pekee alikuwa akichukuliwa kwenda kuzikwa. Yesu alipomwinua, Luka asema kwamba alimpa mama yake. Maneno hayo kwa Kiyunani ni yale yale, neno kwa neno, yaliyomo katika 1 Wafalme 17:23 ya tafsiri ile ya kale, katika habari ya Eliya na mjane wa Sarepta. Eliya alimkuta mjane wake penye lango la mji. Yesu naye vivyo hivyo. Lakini Eliya alijinyosha juu ya mtoto mara tatu na kumlilia Mungu, hali Yesu alisema neno moja tu. Asomaye Luka bila kitabu cha Wafalme aona mwujiza. Asomaye vyote viwili aona mwujiza, na zaidi ya hayo aona kwamba aliye hapa ni mkuu kuliko Eliya.

Sasa twende msalabani. Katika Marko, sura ya 15, askari wagawana mavazi, wapitao watikisa vichwa, na Bwana alia kwa sauti kuu akimwuliza Mungu sababu ya kuachwa. Mambo hayo yote matatu yamo katika Zaburi ya 22. Wengine waliosimama karibu waliisikia sauti ile, wakadhani anamwita Eliya. Walikuwapo, masikio yao yalikuwa mazima, nao hawakuelewa. Basi, ndugu msomaji, mtu aliyetupa Zaburi zake asimama mahali pale pale: aisikia sauti, asijue ni sala gani inayosaliwa.

Hapo huinuka mshindani wa pili. Yeye si Mkristo mvivu wa kusoma, ni msomi mwenye kudhihaki. Asema: "Mmejifunga wenyewe! Ikiwa mavazi yametoka katika Zaburi, na mjane ametoka katika Wafalme, basi waandishi wenu walikaa na vitabu vya Wayahudi wakatunga hadithi." Shtaka hili lastahili jibu, wala halijibiwi kwa kupiga meza.

Jibu la kwanza. Mtu akifa kijijini, akina mama humwombolezea kwa nyimbo walizozirithi kwa bibi zao, nao humtia marehemu jina lake ndani ya maneno ya kale. Mgeni akisema, "Wimbo huu niliusikia kwenye matanga mwaka jana, basi leo hakuna aliyekufa," tutamcheka. Maneno ni ya kale, bali maiti ni ya leo. Ndivyo waandishi wa Injili walivyoisimulia mauti ya Bwana wao kwa maneno ya Zaburi. Nakubali kwamba hatuwezi kupima kila kipande cha masimulizi tukasema hiki kilionekana kwa macho na hiki kimevikwa maneno ya Maandiko. Lakini kwamba Yesu aliuawa kwa amri ya Pontio Pilato si habari ya Injili peke yake. Tacitus, Mrumi asiyewapenda Wakristo hata kidogo, ameandika habari ya kuuawa kwake.

Jibu la pili ni la Nazareti. Mathayo 2:23 yasema kwamba Yesu alikaa mji huo ili neno la manabii litimie. Haya, tafuta neno hilo katika Agano la Kale lote. Hulioni lilivyo, wala jina la Nazareti halimo humo hata mara moja. Je, mtu atungaye hadithi kwa kufuata Maandiko angechagua mji usiotajwa katika Maandiko? Angetaja Bethlehemu akanyamaza. Mathayo ahangaika na Nazareti kwa sababu kila mtu alijua kwamba Yesu ni mtu wa Nazareti. Jambo lilitangulia, ndipo Maandiko yakatafutwa ili lifahamike.

Tena kusoma namna hii hakukubuniwa na Wakristo. Mwaka 1947 magombo ya kale yalianza kuonekana katika mapango ya Qumran, karibu na Bahari ya Chumvi. Mojawapo ni kitabu cha Isaya chenye sura zote 66, gombo lenye urefu wa zaidi ya mita 7, lililoandikwa kabla ya kuzaliwa Kristo. Pamoja nalo ilipatikana kanuni ya jamaa ya Wayahudi waliojitenga, nao waliishika Isaya 40:3, aya ile ile ya Marko, wakisema kwamba njia itengenezwayo nyikani ni kujifunza kwao Torati. Marko aliisoma aya hiyo akamwona Yohana Mbatizaji. Basi waandishi wa Injili walisoma kama wasomavyo Wayahudi, kwa kuwa karibu wote walikuwa Wayahudi. Walitofautiana na ndugu zao juu ya jibu, si juu ya kitabu.

Sasa nirudi kwa ndugu yangu asemaye kwamba Agano Jipya latutosha. Ajue kwamba hakulianzisha neno hilo. Marcion wa Ponto, mwenye merikebu, alilisema huko Rumi, na kanisa likamtenga mwaka 144. Alikataa Agano la Kale lote. Lakini angalia alivyolazimika kufanya: hakuweza kubaki na Injili nne. Alibaki na Luka peke yake, tena amemkatakata, pamoja na nyaraka kumi za Paulo. Aukataye mzizi haachi kukata mpaka afike matawi.

Na kama Marcion ni wa zamani mno, hebu tazama Ujerumani. Tarehe 13 Novemba 1933, katika mji wa Berlin, Reinhold Krause alisimama mbele ya watu wapatao 20,000, Wakristo waliofuata siasa ya Hitler, akataka kanisa lijiondolee Agano la Kale. Mwaka 1939 kilifunguliwa chuo mjini Eisenach, kazi yake kufuta mambo ya Kiyahudi katika kanisa, na mwaka 1940 chuo hicho kikatoa Agano Jipya lao, lililoondolewa yaonyeshayo Uyahudi wa Yesu. Wakristo wengine walipinga. Dietrich Bonhoeffer alitoa mwaka ule ule wa 1940 kitabu kidogo cha kufundisha watu kusali Zaburi. Lakini wengi walinyamaza, na katika miaka iliyofuata Wayahudi wapatao milioni 6 waliuawa. Sisemi kwamba kila asiyesoma Kumbukumbu la Torati ni mwuaji. Nasema kwamba watu waliojizoeza kumsoma Yesu pasipo jamaa zake, haikuwa vigumu kwao kutazama kando jamaa zake walipochukuliwa.

Kwa hiyo tujihadhari na kosa jingine pia, la kuyashika Maandiko ya Israeli kuwa fimbo ya kuwapigia Israeli. Maneno makali yamo katika Mathayo na Yohana, lakini ni ugomvi wa ndugu wa nyumba moja. Mgeni aliyekaribishwa nyumbani hana ruhusa ya kuyaokota matusi ya ndugu wawili na kuyafanya yake. Paulo alituonya katika Warumi, sura ya 11: sisi ni tawi lililopandikizwa, wala tawi halichukui shina.

Enyi walimu, nanyi wazazi msomao na watoto wenu jioni, msiridhike na nusu ya kitabu. Mkisoma majaribu ya Bwana, someni pia Kumbukumbu, sura ya 8. Mkisoma Naini, someni Sarepta. Na mkisoma Marko 15, someni Zaburi ya 22 yote; msiishie katika kilio cha mwanzo. Katika mwisho wake maskini wala na kushiba, na miisho yote ya dunia yamkumbuka Bwana na kumrudia. Miisho hiyo ya dunia ndiyo sisi. Kuitwa kwetu kuliandikwa katika kitabu cha Wayahudi kabla babu zetu hawajalisikia jina la Yesu. Basi akitupaye kitabu hicho autupa waraka ulioandikwa ndani yake kwamba yeye naye amealikwa.