UCHAMBUZI: Seva ikikwama, uchunguzi utangulie ununuzi

TANGU serikali ilipozindua zaidi ya huduma 5,000 katika jukwaa la eCitizen mnamo Juni 30, 2023, Mkenya anayetafuta pasipoti au leseni hutegemea seva ambazo hajapata kuziona. Zikikwama, naye hukwama.

Seva nyingi za mashirika duniani huendeshwa kwa mfumo wa Linux. Zinapolemewa, ni kawaida lawama kuangukia uhaba wa kumbukumbu, na dawa ikawa kuagiza vifaa zaidi. Huko ni kutibu homa bila kupima damu.

Kwanza, Linux haiachi kumbukumbu ikae bure. Nafasi isiyotumiwa na programu huwekwa nakala za faili zilizosomwa karibuni, na huachiliwa inapohitajika. Anayetazama nafasi iliyo tupu pekee atadhani maji yamezidi unga. Kipimo cha haki ni makadirio ya kumbukumbu inayoweza kupatikana, yaliyoongezwa katika toleo la 3.14 la mwaka 2014. Amri ya free huyaonyesha.

Pili, uhaba wa kweli una dalili zake. Amri ya vmstat ikionyesha data ikihamishwa mfululizo kati ya kumbukumbu na diski, hapo pana tatizo. Hali ikizidi, Linux huua programu moja ili mfumo usalie. Kwa kuwa hulenga hasa iliyo kubwa, mara nyingi mhanga huwa hifadhidata, nguzo ya huduma yenyewe. Tukio hilo huandikwa, na amri ya dmesg hulifichua. Anayekimbilia kuzima na kuwasha seva huenda akafuta ushahidi huo.

Tatu, programu inayozidi kunenepa ilhali kazi haijaongezeka huenda inavujisha kumbukumbu: huchukua bila kurejesha. Wahenga walinena kuwa kuvuja kwa pakacha ni nafuu ya mchukuzi. Hapa mchukuzi ndiye huelemewa, na kumwongezea nafasi ni kuahirisha tu siku ya kuanguka. Tiba ni kurekebisha programu.

Isitoshe, si kila kukwama ni kwa kumbukumbu. Mnamo Julai 2023, eCitizen ilitatizika baada ya wavamizi kuifurikisha kwa maombi.

Kwa hivyo, kila ombi la kununua kumbukumbu kwa fedha za umma liambatanishwe na vipimo vya siku kadhaa. Bila hivyo, mlipa ushuru atagharimia vifaa vipya, na foleni ibaki pale pale.